Watu wa Sikio Hawakuja Kuua Tamko

Wiki mbili zilizopita, katika chumba tunachokutania kila Jumamosi karibu na soko la Kibuye hapa Kisumu, ilisomwa sura mpya ya hadithi ambayo kikundi chetu kimekuwa kikiiandika kwa zamu. Hadithi hiyo inasimulia nchi ya kubuni tuliyoipa jina Mwangwi, ambako kila kitu, iwe mvua, jeraha, ukuta au samaki, huitikia sauti yake ya kwanza pindi anapopatikana wa kuitamka. Katika sura hiyo waumini wanaojiita Watu wa Sikio walisimama juu ya tuta la mto lililobomoka, wakatangaza fundisho lao: tamko halijatoka mpaka lipokelewe. Sura hiyo imeshazunguka kwenye simu za watu kutoka Nyalenda hadi Kakamega, na karibu kila aliyenipigia ameielewa kwa njia moja kati ya mbili. Wapo wanaosema tumeandika fumbo kuhusu vijana walioandamana Juni 2024. Wapo wanaolalamika kwamba tumeiua nguvu ya sauti, tukaugeuza ulimwengu wa maajabu kuwa baraza la chifu. Sikuiandika mimi sura hiyo, lakini nimeisoma mara nne, na naona pande zote mbili zimepotea njia. Watu wa Sikio wanaiamini sauti kuliko hao wanaowapinga. Wanachodai ni kizito kuliko maandamano: kwamba anayetamkiwa ana sehemu yake ndani ya tamko, na pasipo sehemu hiyo hakuna lililotendeka.

Bila kuijua imani ya zamani ya Mwangwi, mageuzi haya hayaeleweki. Wanaotunza matamko huko wanaitwa Wenye Koo. Jina hilo tulilichagua kwa makusudi, kwa kuwa koo ni pale shingoni sauti inapopita, na koo pia ni wingi wa ukoo. Matamko yanarithiwa katika nyumba saba, na mtoto anayeingizwa katika nyumba mojawapo hafundishwi neno lolote kwa miaka mingi, anafundishwa kupumua. Tamko la mvua lina pumzi tisa, la kuziba tuta lina kumi na mbili, na pumzi moja ikikatika mahali pasipo pake yote yanaanza upya. Fundisho linalobeba yote haya ni fupi: tamko ni kamili kooni. Likishapita mdomoni bila kosa, kazi imekwisha, msikilizaji awepo asiwepo. Basi tamko laweza kufanywa usiku wa manane, mafichoni, juu ya mtu aliyelala. Na likishindwa, kosa ni la ulimi wa mtamkaji, siku zote, kwa hiyo fundisho lenyewe haliwezi kushindwa hata siku moja. Sura nyingi za mwanzo zimejaa watamkaji waliofukuzwa, kunyolewa na kunyamazishwa kwa sababu mvua haikunyesha.

Ndiyo maana tuta lile lina uzito katika hadithi. Anayejua Budalang'i na mto Nzoia, au aliyewahi kuhamisha magodoro kwenye tambarare za Nyando wakati wa masika, hahitaji kuelezwa maana ya tuta kupasuka. Mwandishi wa sura hii alimweka pale mtamkaji bora wa nyumba zote, na mwalimu wake kando akihesabu pumzi kwa kokoto. Kumi na mbili, bila dosari. Maji yakapita. Wakati huohuo wanakijiji, ambao nyumba zao ndizo zilizokuwa hatarini, walikuwa wamefungiwa nje ya uwanja na kuamriwa wazibe masikio, kwa kuwa tamko la tuta si la kusikiwa na kila mtu. Wenye Koo wakabaki na njia mbili tu: kusema mwalimu alihesabu vibaya, au kusema kuna neno la siri ambalo nyumba nyingine imelificha. Mchuuzi mmoja mzee wa samaki, aliyekuwa amesimama getini na vidole masikioni, akasema jambo la tatu. Sauti ilikuwa sahihi, akasema, ila haikuwa na pa kufikia.

Usomaji wa kwanza, ule wa Juni 2024, sitaukalia sana. Naelewa unakotoka. Mji huu uliandamana dhidi ya Mswada wa Fedha, na siku ya tarehe 25, waandamanaji walipoingia Bungeni Nairobi, hakuna aliyekuwa mbali na simu yake. Lakini someni sura yenyewe. Anayeongoza Watu wa Sikio ni bibi kizee, yule mchuuzi wa samaki wa getini, na wanaomrushia matope ni wanafunzi vijana wa nyumba saba, waliotumia utoto wao wote kujifunza kupumua na sasa wanaambiwa pumzi peke yake haitoshi. Hakuna anayetaka cheo cha mtu. Hakuna anayesema Wenye Koo waondoke. Kinachobishaniwa ni tamko ni kitu gani, na ukiligeuza swali hilo kuwa ugomvi wa rika umelitupa kabla ya kulijibu.

Wenye Koo nao wana hoja, tena si nyepesi. Sisi wasemaji wa Kiswahili tuna lugha isiyo na toni, lakini hata kwetu sisi sauti ikihama maana inahama nayo: tia mkazo kwenye silabi ya tatu ya "barabara" na una njia ya magari, uusogeze mpaka ya pili na una jambo lililofanyika sawasawa. Kijaluo kinaenda mbali zaidi. Kinaandikwa kwa herufi tano za irabu na bila alama ya toni, ilhali mdomo wa msemaji hutofautisha irabu nyingi kuliko hizo tano, na toni hubeba maana ya maneno na ya sarufi. Anayejifunza kwa kitabu peke yake atasoma kila herufi na bado atasema kitu kingine. Mtu akiniambia kwamba bila watunzaji wakali maarifa ya aina hii yangemomonyoka ndani ya vizazi viwili, sitambishia. Na Biblia inatuonyesha katika Waamuzi 12 jinsi konsonanti moja ilivyotenganisha uhai na kifo: aliyesema "Sibolethi" badala ya "Shibolethi" kwenye vivuko vya Yordani alichinjwa, na Waefraimu 42,000 walianguka wakati huo.

Hata dola ya kisasa inaogopa kosa la ulimi. Tarehe 20 Januari 2009, Barack Obama, ambaye ukoo wa babake uko Kogelo kule Siaya, aliapishwa mbele ya umati mkubwa mno, na Jaji Mkuu John Roberts akaliweka neno moja la kiapo mahali pasipo pake. Obama akamfuata. Kesho yake jioni kiapo kilirudiwa ndani ya Ikulu, maneno yote yakiwa katika mpangilio wake, mbele ya watu wachache na bila Biblia. Mwenye Koo yeyote angefurahia kisa hiki. Mimi nakiona kinakata pande zote mbili. Mawakili wa Obama walisema kiapo cha kwanza kilikuwa kimetosha na kwamba walirudia kwa tahadhari tu. Vikilinganishwa, kiapo kilichokuwa na kosa ndicho kilichosikiwa na dunia nzima, na kile kisicho na kosa kilisikiwa na chumba kimoja. Waulizeni waliokesha mbele ya televisheni hapa Kisumu Obama alikuwa rais kuanzia siku gani. Sijapata kukutana na anayetaja ile ya pili.

Kuna dhana nyingine inayowapotosha wasomaji wetu, kwamba mageuzi ya dini siku zote yanatoka kwa wanyonge kwenda juu, na kwamba anayeshikilia sauti ya kale lazima awe upande wa wakubwa. Historia ya huku kwetu inakataa. Tarehe 4 Desemba 1963 Mtaguso wa Pili wa Vatikani ulipitisha hati ya liturujia iliyofungua mlango wa lugha za wenyeji katika Misa. Miaka hiyohiyo, hapa Nyanza, Simeo Ondeto na Gaudencia Aoko waliongoza watu wa kawaida, wengi wao maskini, kutoka Kanisa Katoliki na kuanzisha Legio Maria, na kanisa hilo likaendelea kushika Kilatini katika ibada yake hata parokia zilipokuwa zinakiacha. Roma ilibadilika, mwanakijiji akabaki na Kilatini. Je, huyo ni mtu wa Koo? Sidhani. Kilatini chake hakikufichwa nyuma ya ukuta. Ni sala ya uwanjani, yenye mahali pa kuitikia, na mwumini anayeitikia ameshaipokea kuwa yake. Kwa upande mwingine, kule Urusi katika miaka ya 1650, Patriaki Nikon, mkuu wa Kanisa la Othodoksi, aliamuru aliluya iliyokuwa ikiimbwa mara mbili iimbwe mara tatu, na jina la Yesu liongezewe herufi moja. Waliokataa waliteswa, na kasisi Avvakum akachomwa moto mwaka 1682. Yale yaliitwa mageuzi, lakini kwa kipimo cha Mwangwi yalikuwa mageuzi ya Koo tupu: tamko moja lililodaiwa kuwa sahihi liliondolewa, jingine likawekwa, na msikilizaji hakuulizwa neno.

Hoja dhaifu kuliko zote inayorushwa kwa Watu wa Sikio ni kwamba wanalegeza mambo. Wanaoirusha hudhani ukimpa msikilizaji nafasi, kila mtu atatamka apendavyo na kazi itakuwa rahisi. Anayesema hivyo amesahau utoto wake. Sote tulikua tukisikia mtu akisema "Kitendawili!" na tukajua kwamba hana ruhusa ya kuendelea mpaka tuseme "Tega!" Msimulizi husema "Hadithi, hadithi!" na hadithi haiji mpaka waliokaa chini waiite ije. Kitendawili kikiwashinda, wanaosikiliza hulazimika kumpa mtegaji mji, naye huukubali au kuukataa. Hakuna ulegevu hapo. Ni mapatano makali, yenye zamu na malipo, na atakayetega kabla ya kuitikiwa huonekana hana adabu. Lugha hii ilikuwa na fundisho la Watu wa Sikio zamani, ikalifundisha kwa watoto jioni, na haikuwahi kuliita mageuzi.

Kando ya ziwa mambo ni hayohayo. Mpiga nyatiti, kinubi cha Wajaluo, ana nyuzi nane na maisha mazima ya mazoezi, lakini kwenye pakruok, yaani zamu ya majigambo, msikilizaji humsimamisha katikati ya wimbo, huweka pesa, hujisifu au humsifu rafiki yake, kisha ndipo nyuzi huendelea. Nimekaa kwenye mikusanyiko ya namna hiyo nikaona mpigaji hodari akirudishwa nyuma na mzee mmoja aliyeona sifa za ukoo wake zimepitiwa haraka. Sikio halisamehi. Mwalimu wa Koo akikosa kuisikia dosari, dosari imepita. Sikio la mtu anayeimbiwa jina lake haliruhusu hilo. Na pale sikio linapoondoka, ustadi wa mkono hauokoi kitu. Isukuti, mchezo wa ngoma wa Waisukha na Waidakho wa Kakamega, yenye ngoma zake tatu, kubwa, ya kati na ndogo, iliingizwa na UNESCO mwaka 2014 katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa kwa haraka. Miongoni mwa sababu zilizotajwa ni wajuzi waliozeeka bila warithi, na pia hadhira inayopendelea burudani za kisasa. Sababu ya kwanza Wenye Koo wangeielewa mara moja. Ya pili hawana hata neno la kuitajia.

Sasa nifike kwenye kiini, ambacho wasomaji wengi wamekiruka kwa sababu kimefichwa katika mstari mmoja wa sura. Bibi yule wa samaki haleti andiko jipya. Anasoma ungamo la kale kabisa la Mwangwi, lile ambalo Wenye Koo wenyewe hulisoma kila alfajiri: "Kila kitu huitikia." Anauliza kwa nini wahenga walichagua neno hilo. Wangeweza kusema kila kitu hutii. Kuitikia ni kazi ya mwenye masikio. Anayeitwa husikia, hutambua kwamba ni yeye anayeitwa, kisha huitika. Na anayeweza kuitika anaweza pia kunyamaza, kama sisi tulivyofundishwa tukiwa watoto tusiitike haraka sauti ituitayo gizani kabla ya kujua ni ya nani. Kwa hiyo Wenye Koo ndio walioongeza jambo kwenye imani ya wahenga: walimtoa msikilizaji wakaweka mashine mahali pake. Anachofanya bibi ni kumrudisha, na hilo si kuua tamko. Mvua inayoweza kukataa ni ya ajabu kuliko mvua inayofunguliwa kama bomba.

Kiswahili kinatusaidia kuliona hili kwa njia nyingine pia. Kikundi chetu kilikataa tangu siku ya kwanza kuuita ustadi wa Mwangwi uchawi, kwa sababu katika lugha yetu neno hilo limeshahukumiwa. Mchawi hufanya kazi gizani, na anayelengwa hajui. Mganga hukaa na mgonjwa ana kwa ana, humuuliza, humsikiliza, na mgonjwa ana hiari ya kuondoka. Wote wawili wanaweza kutumia maneno. Kinachowatenganisha ni kama mlengwa yupo na amekubali. Sheria ya Uchawi ya mwaka 1925, iliyotungwa na serikali ya kikoloni, iliwatazama watu hawa wawili kwa jicho moja, na tangu hapo tumekuwa tukitafuta maneno ya kuwatenganisha tena. Watu wa Sikio wameyapata ndani ya hadithi ya kubuni. Fundisho lao linasema tamko la mafichoni ni batili, haidhuru limetamkwa vizuri kiasi gani, kwa kuwa halikumfikia mtu. Wanaodai tumeondoa nguvu ya sauti watambue kwamba nguvu iliyoondolewa ni ya aina hii, ile ya kumtenda mtu asiyejua. Kwa hiyo sina huzuni.

Hata hivyo kuna hoja moja dhidi yao inayonikosesha usingizi, na ajabu ni kwamba wapinzani wao ndani ya hadithi bado hawajaitamka. Sikio la nani? Ikiwa wasikiaji ndio wanaokamilisha neno, umati nao husikia, na umati huamua. Hatuhitaji nchi ya kubuni kujua hilo linafika wapi. Mei 2008, kule Kisii, watu 11, wengi wao wazee, walichomwa moto kwa tuhuma za uchawi. Neno "mchawi" lilitamkwa juu yao, kila jirani akalisikia, na likapokelewa na kijiji kizima isipokuwa wao waliotamkiwa. Kama fundisho la Sikio ni idadi ya wanaokubali, basi limebariki moto ule, na mimi ningehamia kwa Wenye Koo leo hii. Nimeirudia sura nikitafuta jibu, na naamini limo, ingawa mwandishi alilipitia haraka mno. Bibi hakusema tamko hukamilishwa na waliopo. Alisema hukamilishwa na anayetamkiwa. Waliofungiwa getini walikuwa na haki kwa sababu nyumba zao ndizo zilizokuwa chini ya tuta. Mpita njia hana. Tofauti hiyo ndiyo uzi unaoshikilia vazi zima, na waandishi watakaofuata wakiuachia, Watu wa Sikio watakuwa genge.

Wengine wameuliza habari za kiziwi: je, kwake hakuna tamko? Swali ni zuri, lakini linageuka upande wa mageuzi kuliko wanavyotarajia waulizaji. Chini ya fundisho la Koo bubu hawezi kutamka kamwe, na hilo lilikubaliwa kwa vizazi bila mtu kulalamika. Chini ya fundisho la Sikio kinachohitajika ni kupokea, na mjukuu wa bibi, ambaye ni kiziwi, anaonekana katika sura akiweka kiganja juu ya ngozi ya ngoma na kutikisa kichwa: hapana. Katiba yetu ya 2010 imeshafika huko. Ibara ya 120 inaitaja Lugha ya Ishara ya Kenya pamoja na Kiswahili na Kiingereza kuwa lugha rasmi za Bunge. Mkono unaweza kutunga sheria katika nchi hii. Sioni kwa nini usiweze kukataa tamko katika nchi ya Mwangwi.

Ile "hapana" ya mtoto ndiyo inayonishughulisha sasa, kwa kuwa zamu ya kuandika imenifikia. Wenzangu wawili wananishauri niipuuze, wakisema mtoto hakuelewa, tuta lijengwe, hadithi isonge mbele. Lakini fundisho likiwa kweli, mtoto yule ni mmoja wa wanaolala chini ya tuta, na amekataa tamko ambalo wengine wote wamelipokea. Bibi hawezi kumzidi nguvu bila kuwa Mwenye Koo yeye mwenyewe. Hawezi pia kukiacha kijiji kwenye maji. Sura yangu itaanza usiku huohuo, mvua ikiwa bado inanyesha, geti liko wazi, bibi amepiga magoti kwenye matope mbele ya mjukuu wake, ameweka ngoma katikati yao, na kwa mara ya kwanza tangu Mwangwi iumbwe mtamkaji anamuuliza mtu kwa nini.